Setilaiti Zetu Hazipiti Forodhani

Katika orodha ya forodha inayotumiwa karibu dunia nzima kuna kifungu nambari 8802.60. Humo huandikwa vyombo vya angani, setilaiti na roketi za kuvirusha. Mtu anayetaka kujua Kenya imenunua nini na imeuza nini katika biashara hii hukimbilia hapo, akatazama safu ya uagizaji na ya mauzo ya nje, kisha akatoa hukumu yake. Naamini hapo ndipo anapoanza kupotea, na upotovu huo una gharama, kwa sababu serikali inayohesabu vibaya inachonunua itaingia vibaya katika mkataba ujao.

Chukua Taifa-1, setilaiti ya kwanza ya Kenya ya kutazama dunia. Ni kisanduku cha sentimita 10 kwa 10 kwa 30 hivi, chenye kamera ndani. Ilibuniwa na Shirika la Anga za Juu la Kenya, KSA, kwa ushirikiano na kampuni ya hapa nyumbani, SayariLabs, na EnduroSat ya Bulgaria ndiyo iliyosimamia utengenezaji na majaribio. Gharama iliyotangazwa ni shilingi milioni 50. Asubuhi ya tarehe 15 Aprili 2023, California ikiwa bado ni usiku wa tarehe 14, roketi ya Falcon 9 iliinuka kutoka kambi ya Vandenberg ikiwa imebeba Taifa-1 pamoja na makumi ya setilaiti za wengine, ikaziachia katika obiti, yaani njia ya kuzunguka dunia, iliyo kilomita 500 hivi juu ya ardhi. Ili kufika kwenye roketi ile, mzigo wetu haukuwa na haja ya kushushwa Mombasa wala kulala kwenye ghala la uwanja wa ndege wa JKIA. Bidhaa ya Kenya, iliyolipiwa na Mkenya, iliweza kwenda angani bila kupitia mpaka wa Kenya.

Miaka mitano kabla yake mambo yalikuwa magumu zaidi kuyahesabu. Setilaiti ndogo ya Chuo Kikuu cha Nairobi, 1KUNS-PF, iliachiwa kutoka Kituo cha Kimataifa cha Anga tarehe 11 Mei 2018, kupitia mpango wa Umoja wa Mataifa na shirika la anga la Japani unaozipa nchi zinazoendelea nafasi ya kurusha bila malipo. Chuo Kikuu cha Sapienza cha Roma kilikuwa mshirika. Msaada wa Wataliano, roketi ya Wamarekani, nafasi ya Wajapani, jina la Kenya. Karani wa takwimu ataandika thamani gani, na kwa nchi ipi?

Watu wa takwimu wanalijua tatizo hili. Mwongozo wa Umoja wa Mataifa wa takwimu za biashara ya bidhaa, toleo la 2010, unataka setilaiti ihesabiwe pale umiliki wake wa kiuchumi unapohama kutoka kwa mkazi wa nchi moja kwenda kwa mkazi wa nchi nyingine, hata kama chombo chenyewe hakikuvuka mpaka wa mnunuzi. Kanuni ni nzuri. Ugumu ni kwamba forodha nyingi zimejengwa juu ya kontena, bandari na stakabadhi ya mzigo, na afisa hawezi kuandika kitu ambacho hakikupita mbele yake. Matokeo yake ni takwimu zinazorukaruka. Setilaiti moja kubwa ya mawasiliano hugharimu mamia ya mamilioni ya dola, kwa hiyo nchi huonekana muuzaji hodari mwaka huu na mwaka ujao safu yake ikawa tupu. Setilaiti iliyotengenezwa Ufaransa ikipelekwa kwenye kituo cha urushaji cha Kourou haijatoka Ufaransa kisheria, kwa kuwa Guyana ya Kifaransa ni sehemu ya nchi hiyo. Ikipelekwa kwenye kituo cha Baikonur, imeingia Kazakhstan, nchi ambayo mara nyingi haihusiki na biashara yenyewe zaidi ya kumiliki ardhi ambayo Urusi imeikodi.

Kwa nchi kama yetu, kasoro kubwa zaidi ni kwamba fedha nyingi za biashara hii haziko kwenye bidhaa kabisa. Ziko kwenye huduma. Kurusha ni huduma ya usafirishaji. Bima ni huduma. Kukodi masafa kwenye setilaiti ya mwingine ni huduma ya mawasiliano, na Kenya imekuwa ikiilipia tangu kituo cha Longonot kilipoanza kutuunganisha na setilaiti za shirika la kimataifa la mawasiliano, Intelsat, mwaka 1970. Starlink ilipoanza kuuza intaneti hapa Julai 2023, sahani zilipita forodhani kama vifaa vya mawasiliano, lakini ada ya kila mwezi ndiyo biashara yenyewe, nayo huonekana, ikionekana, kwenye urari wa malipo chini ya huduma. Ukijumlisha kila kitu ambacho Kenya hununua kutoka angani, kifungu 8802.60 ni kona ndogo mno ya hesabu.

Swali, basi, ni hili: kama setilaiti yenyewe ni sehemu ndogo, kwa nini tuinunue?

Jibu linalotolewa mara nyingi ni picha: mashamba, ukame, misitu ya Mau, mafuriko ya Tana. Jibu hili halinitoshi, ingawa haja ya picha hizo ni ya kweli. Marekani ilifungua hazina ya picha za setilaiti zake za Landsat kwa kila mtu bila malipo mwaka 2008. Setilaiti za Sentinel-2 za Umoja wa Ulaya hupiga picha eneo lile lile kila baada ya siku tano, kila nukta ikiwa na upana wa mita 10, na yeyote mwenye intaneti anaweza kuzipakua usiku huu. Kituo cha RCMRD kule Kasarani, kilichoanzishwa mwaka 1975, kimekuwa kikizigeuza data za aina hiyo kuwa ramani za ukame na mazao kwa nchi za kanda hii. Kisanduku cha sentimita 30 hakiwezi kushindana na mashine zile, na hakuna aibu katika kulisema. Ni kweli pia kwamba cha bure hakina dhamana. USAID, shirika la misaada la Marekani lililokuwa likifadhili pamoja na NASA mpango wa data za setilaiti wa SERVIR uliokuwa na kitovu chake hapo hapo RCMRD, lilifungwa mwaka 2025. Hata hivyo, dawa ya hatari hiyo ni wataalamu wanaoweza kuchota data kutoka chanzo chochote, na setilaiti moja ndogo isiyo na mrithi haitutoi hapo.

Kinachofaa kununuliwa pamoja na setilaiti ndogo ni ufundi wa kuitengeneza. Na hapa kuna historia ambayo ningependa kila anayeandaa zabuni za anga Nairobi aijue kwa undani.

Mwaka 1989 Korea Kusini haikuwa na setilaiti hata moja. Profesa Choi Soon-dal wa chuo cha sayansi na teknolojia cha KAIST, mjini Daejeon, alianza kupeleka wanafunzi Chuo Kikuu cha Surrey, Uingereza, ambako kampuni ya chuo ilikuwa ikitengeneza setilaiti ndogo kwa vifaa vya kawaida vya elektroniki. Wakorea walilipia setilaiti moja, lakini sharti lilikuwa kwamba vijana wao waijenge. Wakaketi kwenye vyumba visivyo na vumbi wakichomelea saketi, wakaweka chombo juu ya meza ya kutikisa inayoiga mtetemo wa roketi, wakakiingiza kwenye tangi la ombwe, lisilo na hewa, linalochomwa kisha kugandishwa kama ilivyo angani, wakaona kinavyoharibika na wakajifunza kwa nini. KITSAT-1, yenye uzito wa kilo 50 hivi, ilirushwa kutoka Kourou tarehe 10 Agosti 1992. Kibiashara hiyo ilikuwa bidhaa iliyonunuliwa Uingereza.

KITSAT-2 iliruka Septemba 1993, baada ya mwaka mmoja na mwezi tu, nayo ilijengwa Korea. Muda huo mfupi ndio unaonivutia. Hawakungoja mafunzo yapoe. Vijana wale wale waliporudi nyumbani walikuta agizo la pili linawasubiri mezani, wakafanya upya kwa mikono yao yale waliyoyafanya ugenini wakiwa na walimu pembeni. Mwishoni mwa miaka ya 1990, baadhi yao walianzisha kampuni, Satrec Initiative, na mwaka 2009 kampuni hiyo ilikuwa imeuza setilaiti mbili nje: RazakSAT kwa Malaysia na DubaiSat-1 kwa Umoja wa Falme za Kiarabu. Ndani ya miaka 17 mnunuzi wa Surrey alikuwa muuzaji.

Dubai nao wakafanya kama Wakorea walivyofanya. Wahandisi wao walikwenda Daejeon, wakashiriki DubaiSat-1, wakachukua sehemu kubwa zaidi kwenye DubaiSat-2 ya mwaka 2013, na KhalifaSat, iliyorushwa kutoka Japani Oktoba 2018, ikajengwa Dubai. Naam, wana fedha ambazo sisi hatuna. Lakini setilaiti ya kwanza ya Wakorea haikuwa ya gharama kubwa, na kilichowatoa ni mpangilio wa maagizo: la kwanza, la pili, la tatu, kila moja likiwa na kazi nyingi zaidi ya wenyeji kuliko lililotangulia.

Bara letu limenunua kwa njia nyingine. Angola ilitumia zaidi ya dola milioni 300 kwa mradi wa AngoSat na Urusi. AngoSat-1 ilirushwa kutoka Baikonur tarehe 26 Desemba 2017, ikapoteza mawasiliano muda mfupi baada ya kufika angani, na mwaka uliofuata ikatangazwa kuwa imepotea. Mkataba uliwakinga Waangola, kwa hiyo Urusi ilijenga mbadala uliorushwa Oktoba 2022. Nigeria ilinunua NigComSat-1 kutoka China, ikarushwa Mei 2007, ikafa Novemba 2008 kwa hitilafu ya umeme wa jua, nayo ikabadilishwa Desemba 2011. Nchi zote mbili zilipata chombo, kwa kuchelewa, na hilo si jambo dogo kwa mnunuzi. Ila aina hii ya ununuzi, ambapo unakabidhiwa ufunguo na kitabu cha maelekezo, ni kama kununua trekta kisha kila msimu ukamwita dereva wa muuzaji.

Nigeria ilijaribu pia njia ya Surrey. NigeriaSat-X, iliyoruka Agosti 2011, ilijengwa kule Uingereza na wahandisi wa Nigeria, nayo ilifanya kazi vizuri. Kilichokosekana ni agizo la pili. Kwa zaidi ya muongo mmoja hakukufuata setilaiti nyingine ya kiwango hicho ya kujengwa nyumbani, na mhandisi aliyefundishwa kazi asiyoifanya huondoka au husahau. Hofu yangu kuhusu Taifa-1 imelala hapo. Aprili 2023 tulishangilia, na tulikuwa na haki ya kushangilia. Lakini tangu siku ile kila mwezi unaopita bila mrithi wa Taifa-1 unakula thamani ya zile milioni 50, kwa sababu sehemu yake ya kudumu ilikuwa vichwani mwa vijana wachache.

Kuna kizuizi ambacho maafisa wetu hukigusa kwa nadra wanapoahidi "uhamishaji wa teknolojia": serikali ya muuzaji. Setilaiti na kombora ni ndugu wa tumbo moja, na kila nchi inayouza vyombo vya angani ina sheria ya leseni. Roketi ya China ilipoanguka ikiwa na setilaiti ya Intelsat 708 mwezi Februari 1996, Marekani iliingiwa na hofu kwamba kampuni zake zilizosaidia kuchunguza ajali zilikuwa zimewafunza Wachina kuboresha makombora. Kuanzia 1999 setilaiti za kibiashara ziliwekwa kwenye orodha ya silaha, kiasi kwamba hata bolti na mchoro vilihitaji kibali cha wizara ya mambo ya nje. Wazungu wa Ulaya walinufaika: walianza kuuza setilaiti zisizo na kipuri cha Kimarekani ili ziweze kurushwa popote. Marekani ililegeza masharti mwaka 2014, ikahamishia setilaiti nyingi kwenye orodha ya wizara ya biashara, lakini leseni haikuondoka. Kwa hiyo kifungu cha mafunzo katika mkataba hakina uzito mpaka mtu aulize mapema: je, leseni ya muuzaji inaruhusu mhandisi wa Kenya kuona msimbo wa programu ya kuendesha chombo? Inamruhusu kugusa kipande gani? Jibu la maswali hayo ndilo linalopasa kuamua nani ashinde zabuni, kabla ya bei.

Sasa upande wa mauzo, ambao wengi hudhani hatuna. Tunao, Malindi.

Jukwaa la San Marco, lililosimikwa baharini karibu na Ngomeni, lilirusha setilaiti kati ya 1967 na 1988 kwa roketi za Kimarekani na usimamizi wa Italia. Tarehe 12 Desemba 1970, Sikukuu ya Jamhuri, iliruka kutoka hapo setilaiti ya NASA iliyopewa jina Uhuru, ya kwanza duniani kuundwa mahsusi kwa uchunguzi wa mionzi ya eksirei kutoka kwenye nyota. Riccardo Giacconi, mwanasayansi aliyeongoza kazi ile, alipata Tuzo ya Nobel mwaka 2002. Ndiyo sababu kila baada ya miaka michache huzuka mjadala wa kurudisha urushaji wa roketi Pwani: tuko karibu na ikweta, dunia inazunguka hapa kwa kasi ya kilomita 1,670 kwa saa, roketi inapata msukumo wa bure.

Hoja hiyo ni ya kweli kwa setilaiti zinazokwenda mashariki juu ya ikweta. Setilaiti za kutazama dunia, Taifa-1 ikiwemo, hazifuati njia hiyo. Hupita karibu na ncha za dunia, katika obiti inayoziwezesha kupita mahali pale pale saa ile ile ya jua, na kwa obiti hiyo msukumo wa ikweta hausaidii kitu. Unakuwa hata mzigo kidogo, maana chombo kinaelekea kinyume kidogo na mzunguko wa dunia. Soko la visanduku vidogo, ambalo watetezi wa kituo cha urushaji hulitaja, kwa kiasi kikubwa ni soko la obiti hizo. Naunga mkono utafiti uendelee. Sikubali fedha za wahandisi zielekezwe huko kwanza.

Faida ya Malindi iliyo mkononi tayari ni antena. Setilaiti inayozunguka karibu na ikweta haionekani kamwe kutoka Svalbard, kule Norwe, kituo kinachotawala biashara ya obiti za ncha. Huonekana kutoka kwetu, mara nyingi kwa siku. Darubini ya Swift ya NASA, iliyorushwa Novemba 2004 ili kunasa milipuko ya mionzi ya gama, imekuwa ikiteremsha data zake Malindi. AGILE ya Italia, iliyokaa angani tangu 2007 hadi 2024 ikizunguka karibu sawasawa na mstari wa ikweta, ilitegemea antena hizo hizo. Kupokea data za chombo cha nchi nyingine ni kuuza huduma nje ya nchi, kama kuuza safari za Maasai Mara. Je, mauzo hayo ni ya Kenya au ya mpangaji? Kituo kinaendeshwa na shirika la anga la Italia chini ya makubaliano ya serikali mbili, ya karibuni yakiwa yale yaliyotiwa saini Trento, Italia, mwaka 2016. Mkenya wa kawaida akitaka kujua antena za Malindi zimehudumia saa ngapi mwaka jana, kwa nani, na nchi imepata kiasi gani, hana ukurasa wa kufungua. Kifungu 8802.60 hakiwezi kumsaidia, kwa kuwa hakuna mzigo uliotoka.

Niseme pia, kwa kifupi, kuhusu dhima. Chini ya mikataba ya Umoja wa Mataifa ya 1967 na 1972, nchi inayorusha, au inayogharimia kurushwa kwa chombo, hubeba lawama kikileta madhara. Tarehe 30 Desemba 2024 pete ya chuma yenye upana wa mita 2.5 na uzito wa kilo 500 hivi ilianguka katika kijiji cha Mukuku, Makueni, na KSA ikasema inaelekea kuwa kipande cha roketi. Hakuna aliyeumia. Tukiendelea kununua setilaiti, ipo siku tutakuwa upande wa pili wa meza hiyo, kwa hiyo bima ya madhara kwa wengine ni gharama ya kuandikwa kwenye bajeti tangu mwanzo, pamoja na gharama ya kuwa na watu wa kukiongoza chombo mpaka mwisho wa maisha yake.

Mkataba ujao wa KSA ungepaswa kuwa wa setilaiti mbili kwa pamoja, hata kama maana yake ni kuchagua mbili ndogo badala ya moja kubwa. Ya kwanza ijengwe kwa muuzaji na timu ya Wakenya ikiwemo tangu mchoro wa kwanza, ya pili iunganishwe na kujaribiwa Nairobi ndani ya miezi 18. Meza ya kutikisa na tangi la ombwe viagizwe mapema, na hivyo vitapita forodhani kwa kishindo, kwa kuwa ni vizito. Leseni ya muuzaji ya kufunua msimbo iambatishwe kwenye zabuni kabla haijafunguliwa. Na shirika la takwimu la taifa, KNBS, lianze mara moja kuchapisha, katika taarifa yake ya uchumi ya kila mwaka, jedwali moja la anga: ada za mawasiliano tunazolipa nje, picha tunazonunua, urushaji, bima, na mapato ya antena za Malindi, kila kimoja kwenye mstari wake.

Timu ya Taifa-1 bado ipo. Wengi wao ni vijana, na kampuni za Ulaya zinajua majina yao.